JINA NI FUPI, AMANA NI NDEFU

Maneno yaliyosomwa mbele ya Waislamu wa Kibenga, Bujumbura, juu ya majina mafupi, asili zake na maana zake

Bismillahi Rrahmani Rrahim.

Kila sifa njema ni ya Mwenyezi Mungu, aliyemfundisha baba wa watu, Nabii Adamu, majina ya vitu vyote. Rehema na amani zimfikie Mtume Muhammad (s.a.w.), na jamaa zake, na masahaba zake wote.



Mtoto azaliwapo hana nguo wala mali, wala hajui aliyemzaa. Kitu cha kwanza apewacho kikawa chake mwenyewe ni jina. Nguo ataikua aivue, nyumba huenda akaihama, hata ujana utamkimbia; bali jina atakwenda nalo mpaka kaburini, na imepokewa kwamba Siku ya Kiyama watu wataitwa kwa majina yao na majina ya baba zao. Kwa hiyo ampaye mtoto jina amempa amana ya duniani na ya akhera, ijapokuwa jina lenyewe ni herufi tatu tu.

Katika mitaa ya Bujumbura, tangu Buyenzi hata Kibenga, husikika maneno mawili juu ya majina. La kwanza husema kwamba jina fupi halina uzito. Kwamba Ali, Hawa, Juma, Ciza na Keza ni majina ya kuitia watoto tu, na mtu mkubwa sharti awe na jina refu la kujaza mdomo. La pili husema kwamba jina la Kirundi si jina la Mwislamu, na kila aingiaye katika dini hana budi kulitupa kama atupavyo nguo chafu. Maneno yote mawili yafaa kupimwa kabla ya kushikwa, na kipimo chake ni kimoja, nacho ni maana.

UFUPI SI UPUNGUFU

Yatazamwe majina ya Mitume. Nuhu, Hudi na Luti, kila moja kwa Kiarabu ni herufi tatu. Tena wanazuoni wa nahau wana habari nzuri juu ya hayo. Majina ya kigeni yaliyoingia katika Kiarabu, kama Ibrahimu, Ismaili na Yakubu, yamezuiliwa tanwini, yaani hayapokei ule mlio wa "n" mwishoni ambao majina mengine huupokea. Lakini Nuhu na Luti, ingawa nayo ni ya kigeni, yameachiwa, kwa sababu ya wepesi wake ulimini: herufi ni tatu, na ya katikati imetulia. Ndipo msomaji wa Kurani akasoma "Nuhan" na "Lutan", lakini akifika kwa Ibrahimu husoma "Ibrahima". Basi jina fupi limepata ruhusa ambayo jina refu halikuipata. Huo si upungufu.

Litazamwe pia jina Ali. Maana yake ni aliye juu. Majina marefu yakisafiri huchakaa njiani kama kamba ndefu iburutwayo. Abdallah hufika mahali akawa Dula, na Ramadhani akawa Rama. Ali ametoka Bara Arabu akafika Morocco, akafika Indonesia, akafika Rumonge na Nyanza-Lac, naye bado ni Ali. Halikuwa na cha kukatwa.

MAJINA YA UZIMA

Mtu akiyachunguza majina mafupi ya mataifa mbalimbali atashangaa kuona jinsi wazazi wa dunia nzima walivyoomba mambo yale yale. La kwanza waliloomba ni uhai wa mtoto, kwa kuwa zamani watoto wengi walikufa kabla ya kutambaa.

Hawa, mama wa watu wote, jina lake lina asili moja na neno la Kiarabu lenye maana ya uhai. Taurati ilipofasiriwa zamani kwa Kiyunani, jina hilo lilifasiriwa kuwa Zoe, ambalo kwa lugha hiyo ni uhai. Na hata leo wako wasichana wa Ulaya waitwao Zoe, wala wengi hawajui kwamba wao na Bi Hawa wa Buyenzi ni wasomo. Aisha, ambalo Waswahili wamelifupisha likawa Asha, ni mwenye kuishi. Neno maisha limetoka kisima hicho hicho. Omari lina asili moja na neno umri. Yahya lasomeka kwa Kiarabu kama mtu asemaye "anaishi". Na jina hili lina heshima ya peke yake, kwa maana katika Sura ya Maryamu twaambiwa kwamba Mwenyezi Mungu mwenyewe ndiye aliyemwita hivyo mwana wa Nabii Zakaria, wala kabla yake hakuna aliyepewa jina hilo.

Na Warundi je? Wao humwita mtoto Niyonzima, maana yake Yeye Mungu ndiye aliye hai, aliye mzima. Neno "nzima" la Kirundi na neno "mzima" la Kiswahili ni ndugu wa tumbo moja.

MAJINA YA HESABU NA YA SIKU

Jambo la pili waliloliweka wazazi katika jina ni zamu ya mtoto. Pwani mtoto huitwa Mosi, Pili au Tatu. Katika Kirundi, wa saba ni Nyandwi, wa nane ni Minani, wa tisa ni Nyabenda, wa kumi ni Bucumi. Wahausa wa Nigeria wana jina Sani, ambalo ni lile neno la Kiarabu la "wa pili". Warumi wa kale walimwita mtu Quintus, yaani wa tano, au Octavius, linalotokana na nane. Na Wajapani humwita mwana wa kwanza Ichiro, wa pili Jiro.

Pacha nao wana zamu yao. Mrundi humwita wa kwanza Bukuru na wa pili Butoyi, mkubwa na mdogo. Na mtoto azaliwaye baada ya pacha huitwa Ciza. Wasukuma na Wanyamwezi wana Kulwa na Doto, majina ambayo sasa yamekuwa ya Tanzania nzima. Waislamu wengi huwaita pacha Hasani na Huseni, kwa majina ya wajukuu wa Mtume (s.a.w.), ijapokuwa wajukuu wale hawakuwa pacha, nao wamefanya vizuri bila kujua nahau, kwa kuwa Husein kwa Kiarabu ni udogo wa Hasan, kama kusema Hasani mdogo. Basi Bukuru na Butoyi, Hasani na Huseni, ni wazo moja katika ndimi mbili.

Siku nayo imezaa majina. Juma na Mwajuma ni wa Ijumaa, na Hamisi ni wa Alhamisi. Wahausa humwita msichana aliyezaliwa Ijumaa Jummai. Kule Ghana, Waakani humwita mwanamume aliyezaliwa siku hiyo Kofi. Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa tangu mwaka 1997 hadi 2006, alizaliwa tarehe 8 Aprili 1938, nayo ilikuwa Ijumaa. Hakuwa Mwislamu, lakini angalizaliwa Buyenzi katika nyumba ya Mwislamu, angaliitwa Juma.

JINA LA KIRUNDI NA DINI

Sasa lipimwe lile neno la pili, kwamba jina la Kirundi halifai kwa Mwislamu.

Katika hadithi sahihi imepokewa kwamba majina yapendezayo zaidi kwa Mwenyezi Mungu ni Abdallah na Abdurrahmani. Sababu yake iko wazi: jina Abdallah lamkiri mtu kuwa ni mja wa Mungu. Haya, na litazamwe jina Nduwimana. Likifunguliwa ni "ndi uw'Imana", mimi ni wa Mungu. Je, hili liko mbali na Abdallah? Harerimana maana yake ni kwamba alezaye ni Mungu. Na neno Rabbi, ambalo Mwislamu hulitamka katika kila rakaa, ndani yake mna maana ya kulea. Niyonkuru ni kwamba Yeye ndiye mkuu. Na mwadhini hutangaza ukuu huo mara tano kwa siku.

Tena Warundi wana ustadi wa kulifupisha jina bila kulimwaga. Badala ya kutaja "Imana", huweka herufi chache zinazomrejea: Nduwayo, mimi ni wake. Jina limepungua urefu, wala maana haikupungua. Ndiyo fasaha yenyewe.

Wako watakaosema kwamba kila jina la asili ni la ujahilia. Lakini Umar, Ali, Khalid na Bilal walipewa majina yao kabla ya Uislamu kuwafikia, na wakabaki nayo baada ya kusilimu. Bilal alikuwa na asili ya Uhabeshi. Bibi Maria alitoka Misri na jina lake, akaingia nalo katika nyumba ya Mtume (s.a.w.). Na Nabii Musa mwenyewe, aliyelelewa katika nyumba ya Firauni, wataalamu wengi wa lugha za kale husema kwamba jina lake latokana na neno la Kimisri lenye maana ya mtoto, lile lile lililomo katika jina Ramses. Ikiwa jina la Kimisri halikumzuia Musa kusema na Mola wake, jina la Kirundi halitamzuia Nduwimana kuswali.

Kinachokatazwa ni maana mbaya, si lugha. Jina lenye kumfanya mtu mja wa asiyekuwa Mungu halifai kwa lugha yo yote. Jina la laana, la matusi au la kujikweza halifai, hata likiwa la Kiarabu safi. Binti mmoja wa Sayyidna Umar aliitwa Asiya, kwa herufi ain na swad, maana yake mwasi, Mtume (s.a.w.) akambadilisha akamwita Jamila. Wala lisichanganywe jina hilo na Asia, mke wa Firauni, mwanamke mwema, ambalo kwa Kiarabu lina herufi nyingine. Kwa herufi za Kiswahili majina hayo mawili yanafanana. Kwa maana yako mbali kama mashariki na magharibi. Basi mwenye binti Asia na ajue amempa Asia yupi.

Na uzito wa maana waonekana katika habari ya Hazn, babu yake Said bin Musayyab, mwanazuoni mkubwa wa Madina. Hazn ni ardhi ngumu yenye mawe. Mtume (s.a.w.) alimtaka ajiite Sahl, yaani wepesi; yeye akakataa kuliacha jina alilopewa na baba yake. Mjukuu wake Said alikuja kusema kwamba ugumu ule haukuitoka jamaa yao. Herufi zilikuwa tatu tu!

KUFUPISHA KWA MAPENZI NA KUFUPISHA KWA KUHARIBU

Huenda mtu akauliza: je, ni haramu kulikata jina? La. Mtume (s.a.w.) alimwita Bibi Aisha "Aish", akaiacha ile herufi ya mwisho, kwa mapenzi, na Abu Huraira alimwita "Aba Hirr". Wanazuoni wa lugha wameliita jambo hilo tarkhim, nao wamelitungia kanuni. Basi mama amwitaye Khadija "Dija" au Selemani "Sele" hana kosa, mradi mwenye jina amefurahi na jina halikuharibika.

Lakini iko kata iharibuyo. Mtu aitwaye Abdulkarim huitwa "Abdul" peke yake. "Abdul" maana yake ni "mja wa", kisha neno likakatika. Mja wa nani? Ni kama mtu aanzaye kuapa akanyamaza katikati. Aitwe Abdu, yaani mja, au aitwe jina lake lote. Iliyo mbaya zaidi ni kuacha uja na kubakiza uungu: Abdurrahmani akaitwa "Rahmani", jina ambalo ni la Mwenyezi Mungu peke yake wala halifai kwa kiumbe. Hapo mtu ameokoa silabi mbili akapoteza tauhidi iliyokuwamo katika jina.

Mataifa mengine yamekuwa na hadhari. Waturuki, kwa kulistahi jina la Mtume, walizoea kuwaita watoto wao Mehmet, ili mtu akimgombeza mwanawe asilitaje jina tukufu kwa hasira. Wasenegali wana Mamadou na Modou. Na kwa Wachina Waislamu wako wengi sana wa ukoo wa Ma. Wataalamu wengi husema kwamba Ma hilo ni mkato wa Muhammad, ijapokuwa herufi yake ya Kichina maana yake ni farasi. Nahodha mkuu Zheng He, aliyezaliwa mwaka 1371 na ambaye merikebu zake zilifika Mogadishu na Malindi katika safari za mwaka 1405 hadi 1433, ukoo wake wa kuzaliwa ulikuwa Ma. Baba yake na babu yake walikuwa mahaji. Silabi moja tu ilibeba habari ya Makka mpaka Uchina, na wenyewe wakaijua.

LAKABU NA JINA LA KUPACHIKWA

Katika Sura ya Alhujurati Mwenyezi Mungu amewakataza waumini kuitana kwa lakabu mbaya. Lakabu ni fupi, nayo hushika kama ulimbo. Hamed bin Muhammad el-Murjebi alikuwa na jina kamili na nasaba ya kutajwa. Lakini ulimwengu wamjua kwa Tippu Tip, ambalo wengi husema latokana na mlio wa bunduki zake. Jina la baba limemezwa na mlio wa bunduki.

Na yuko aliyepata makubwa kuliko hayo. Mwaka 1858 Waingereza Burton na Speke walipofika katika Ziwa Tanganyika, wakapanda mpaka Uvira, ng'ambo ya ilipo Bujumbura ya leo, pamoja nao alikuwa mtu mmoja hodari aitwaye Sidi Mubarak Bombay. Alikuwa Myao, alitekwa angali kijana, akauzwa, akapelekwa India. Sidi ndivyo Wahindi walivyowaita Waafrika. Mubarak ni katika majina ambayo mabwana waliwapa watumwa wao wengi, kwa kutaka baraka ya bwana, si ya mtumwa. Bombay ni mji. Maneno matatu, na hapana hata moja lililotoka kwa mama yake. Alikufa mwaka 1885, nalo jina alilozaliwa nalo halimo katika maneno hayo.

Ndiyo maana, utumwa ulipoondolewa kisheria Unguja mwaka 1897, wengi waliokuwa watumwa waliyaacha majina ya kupachikwa, wakajichagulia wao na watoto wao majina ya waungwana. Walijua kwamba uhuru usiofika katika jina haujakamilika. Basi mzazi asiyafanye majina mchezo, akamwita mwanawe kwa jina la nguo, la mchezaji au la mtu wa sinema kwa kuwa limesikika vizuri, wala asijue maana yake. Watu waliwahi kulilia haki hiyo ya kumpa mtoto jina.

JINA NA KARATASI

Liko jambo jingine la dunia, nalo lina madhara ya kweli. Katika Burundi herufi za ofisi zimefuata Kifaransa. Juma huandikwa Djuma. Rajabu huandikwa Radjabu. Musa huandikwa Moussa. Mtoto mmoja huenda akawa Juma katika cheti cha kuzaliwa, Djuma shuleni, na Ndjuma katika kitambulisho. Maadamu baba yu hai, watu hucheka. Baba akifa na mirathi ikafunguliwa, kicheko hukoma. Mtoto huambiwa athibitishe kwamba watu hao watatu ni yeye mmoja. Na kwa kuwa Warundi aghalabu hawarithi jina la ukoo, kila mtoto na jina lake, karatasi ndiyo shahidi mkubwa wa nasaba. Kurani Tukufu imeamrisha watu waitwe kwa baba zao. Basi baba aendapo komini na aende na jina limeandikwa herufi kwa herufi, na herufi hizo zisibadilike tena mahali po pote.

JINA NA UJIRANI

Mwisho, likumbukwe jambo moja la nchi hii. Wafalme wa Burundi walipokezana majina machache: Ntare, Mwezi, Mutaga, Mwambutsa. Ntare ni simba, na Mwezi ni mwezi ule ule wa Kiswahili, ule ambao Waislamu huutazamia Ramadhani. Majina yalikuwa machache, kama ya nyumba moja.

Alipouawa Rais Melchior Ndadaye tarehe 21 Oktoba 1993, nchi ikaingia vitani na Bujumbura ikagawanyika, mitaa mingi ikawa ya upande mmoja au wa pili. Buyenzi ilijulikana kwamba ni katika mitaa ambayo Wahutu na Watutsi waliendelea kukaa humo pamoja, na waliokimbia wakapata hifadhi kwa majirani Waislamu. Wakati ule ilionekana faida moja ya jina kama Juma au Hawa: halimwambii msikiaji kabila la mwenyewe. Lakini pasiwe na mtu wa kudhani kwamba jina ndilo lililookoa. Jina haliwezi kufungua mlango usiku. Afunguaye ni mtu. Aliyeitwa Rahma akamfungia jirani yake mlango, jina lake limemshitaki. Na aliyeitwa Harerimana akamlea mtoto wa mwenziwe, jina lake limemshuhudia.

Basi mzazi wa Kibenga, siku ya saba ya mwanawe, achague jina fupi au refu, la Kiarabu, la Kiswahili au la Kirundi, mradi alijue maana yake, aliandike sawasawa, na mtoto akipata akili amwambie, "Umeitwa hivi kwa sababu hii." Mtoto asiyeambiwa maana ya jina lake hulibeba kama mzigo wa mtu mwingine, aliyeambiwa hulivaa. Wahenga walisema, jina jema hung'ara gizani. Nalo hung'ara kwa matendo ya mwenye kuitwa.

Mwenyezi Mungu awajaalie watoto wa Waislamu, na watoto wa nchi yote, wafanane na mema yaliyomo katika majina yao. Amin.